Nani Aliyewahesabu Wafu wa Pemba?

Watu waliouawa Zanzibar tarehe 26 na 27 Januari 2001, wengi wao Pemba, hawana hesabu moja mpaka leo. Serikali ilianza na ishirini na ushei. Tume iliyoundwa na Rais Benjamin Mkapa chini ya Brigedia Jenerali Hashim Mbita ikafikisha 31. Human Rights Watch, shirika la haki za binadamu lenye makao yake New York, lilitoa ripoti Aprili 2002 likasema si chini ya 35, na majeruhi zaidi ya 600. CUF, chama kilichoitisha maandamano, kilikuwa na hesabu yake, kubwa kuliko hizo zote. Robo karne imepita. Kaa barazani Wete umuulize mtu wa makamo walikufa wangapi. Namba atakayokupa itakwambia siku zile alikuwa akisikiliza redio gani.

Pemba haijapata kuwa uwanja wa mapambano ya majeshi mawili katika umri wetu. Kilichotokea Jumamosi ile ya 27 Januari ni polisi kuwafyatulia risasi waandamanaji Wete, Micheweni, Chake Chake na Mkoani. CUF ilikuwa ikidai uchaguzi wa Oktoba 2000 urudiwe, Serikali ikayapiga marufuku maandamano, watu wakatoka. Askari polisi naye aliuawa Micheweni. Havikuwa vita, lakini habari zake ziliandikwa kivita: msemaji mmoja, upande mmoja ukiitwa usalama na wa pili ukiitwa uvamizi. Maelezo rasmi yalikuwa kwamba waandamanaji walikusudia kuvamia vituo vya polisi. Mtu akishaitwa mvamizi, msomaji wa Mbeya au Dodoma haulizi tena alikuwa nani, ana watoto wangapi, na risasi ilimpata mgongoni au kifuani.

Nani angeuliza? Zanzibar ya Januari 2001 haikuwa na gazeti binafsi hata moja. Redio ilikuwa Sauti ya Tanzania Zanzibar, ya Serikali. Televisheni ilikuwa TVZ, ya Serikali vilevile, ile iliyoanza kuonyesha picha za rangi miaka ya 1970 wakati Bara hawana televisheni ya aina yoyote. Gazeti la Dar es Salaam lilivuka bahari mbili kabla ya kushuka Mkoani, nakala chache, za jana au za juzi. Na si kila gazeti liliruhusiwa kuvuka: Majira lilikwishapigwa marufuku Visiwani mwaka 1996. Kwa hiyo Mpemba aliyetaka kujua kimetokea nini mji wa pili, kilomita chache tu kutoka nyumbani kwake, alisubiri jioni afungue BBC kutoka London au Sauti ya Ujerumani. BBC ilianza kutangaza kwa Kiswahili Juni 1957, Wajerumani wakafuata 1963. Kizazi kizima cha Pemba kimelelewa na masafa mafupi, na waandishi kama Ally Saleh, aliyeiwakilisha BBC Zanzibar kwa miaka mingi kabla ya kuwa mbunge wa Malindi, walijulikana kwa sauti kuliko kwa sura.

Halafu ikaja Shimoni. Baada ya mauaji na msako uliofuata, zaidi ya watu 2,000 walipanda mashua na majahazi wakakimbilia Shimoni, pwani ya Kenya. Tanzania, iliyozoea kuwapokea Warundi, Wanyarwanda, Wakongo na watu wa Msumbiji, ikawa kwa mara ya kwanza imetoa wakimbizi wake. Kwa waandishi wa nje jambo hilo lilikuwa na faida ambayo haikutajwa sana: kwenda Pemba kulihitaji vibali na ujasiri, kwenda Shimoni kulihitaji gari kutoka Mombasa. Mashahidi walikuwa hapo, wamekaa, wanazungumza bila kuangalia nyuma. Basi habari ya Wete ikatoka Wete kwa mashua, ikasimuliwa Shimoni, ikapigiwa simu Nairobi na London, na jioni ikarudi Wete hewani.

Tuwashukuru waliofanya kazi ile, maana bila wao tungebaki na ishirini na ushei. Ila habari inayookotwa ng'ambo ina pengo lake. Waliosikika ni waliofanikiwa kuvuka. Aliyebaki nyumbani na risasi mguuni, akiogopa hata kwenda hospitali asije akakamatwa, hakuwa Shimoni. Na waandishi wa nje walikuja na damu wakaondoka damu ilipokauka. Muafaka wa kumaliza mgogoro kati ya CCM, chama tawala, na CUF ulitiwa saini tarehe 10 Oktoba 2001. Wakati huo macho ya dunia yalikuwa yamegeukia New York na Afghanistan, na swali ambalo mgeni alikuja nalo Zanzibar likawa Uislamu. Mtu aliyeandamana kudai kura yake akajikuta anaulizwa kuhusu Osama bin Laden.

Haya hayakuanza 2001. Zanzibar ilikwisha kuona kalamu zikitangulia mapanga. Kati ya 1957 na 1963, miaka ambayo wazee wanaiita zama za siasa, Unguja na Pemba zilikuwa na magazeti mengi kuliko yaliyopatikana wakati wowote baadaye. Mwongozi liliegemea chama cha Hizbu, Afrika Kwetu liliegemea chama cha ASP, na pembeni yao vilikuwepo vijikaratasi vya kila rangi, vikitukanana asubuhi na jioni. Machafuko ya Juni 1961 yaliua watu 68, karibu wote Unguja. Mwanahistoria Jonathon Glassman ameyachambua magazeti yale kwa kina, na anaonyesha jinsi wasomi wa pande zote mbili walivyoufundisha umma kumtazama jirani kama ukoo wa watumwa au ukoo wa wageni, mpaka ugomvi wa kisimani au wa dukani ukawa ugomvi wa kabila. Lawama zake haziendi kwa chama kimoja, na naona ana haki. Kila gazeti lililia kwa wafu wake tu.

Aliyeelewa zaidi ya wote nguvu ya sauti alikuwa John Okello, Mganda aliyeishi Pemba miaka kadhaa akifanya kazi za ujenzi kabla ya kuhamia Unguja. Usiku wa mapinduzi, wa kuamkia 12 Januari 1964, bunduki zilitekwa Ziwani na Mtoni. Redio ilikuwa Raha Leo, na baada ya kuikamata Okello alianza kujiita Field Marshal na kutangaza adhabu za kutisha, nyingine hata hazitekelezeki. Pemba, ambako hapakuwa na mapigano siku ile, iliyapokea mapinduzi kwanza kwa masikio.

Miaka miwili baadaye, 1966, Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi walitoa filamu yao Africa Addio. Ndani yake mna picha zilizopigwa kutoka angani: misururu ya watu wanaosukumwa, makaburi ya halaiki, maiti. Hizo ndizo picha zinazorudi kwenye simu zetu kila ifikapo Januari, zimekatwa vipande, zimewekewa muziki, na zimeandikwa chochote anachotaka mtumaji. Mmoja huzitumia kuonyesha kwamba mapinduzi yalikuwa mauaji ya halaiki. Wa pili huzikataa zote, anasema ni uzushi wa mabeberu. Hakuna anayetaja jambo ambalo mtu yeyote aliyeiangalia filamu nzima analijua: iliyatumia maiti ya Zanzibar kuthibitisha kwamba Mwafrika aliyeachiwa nchi yake huishia kuchinjana. Picha inaweza kuwa ya kweli na nia ya aliyeibeba kamera ikawa chafu. Wazanzibari tumeachiwa ushahidi wa msiba wetu na watu waliotudharau wote, muuaji na muuawa, kwa sababu hatukuwa na kamera ya kwetu, na aliyekuwa nayo hakuthubutu.

Mwishoni mwa 2002 lilijaribiwa jambo. Gazeti la Dira lilianzishwa Unguja chini ya mhariri Ali Nabwa, sasa marehemu, gazeti binafsi kwa maana halisi ambalo Visiwa havikuwa nalo tangu mapinduzi. Liliandika mambo ambayo watu waliyanong'ona kwa miaka arobaini. Pemba liligombewa. Novemba 2003 Serikali ya Zanzibar ililifunga kwa madai ya kukiuka maadili na kupandikiza chuki kati ya wananchi na Serikali yao.

Siku chache baadaye, tarehe 3 Desemba 2003, katika nchi hiihii, mahakama ya kimataifa iliyokaa Arusha iliwatia hatiani Ferdinand Nahimana na Jean-Bosco Barayagwiza wa redio RTLM, pamoja na Hassan Ngeze wa gazeti Kangura, kwa mchango wao katika mauaji ya Rwanda ya 1994. Rufaa ya 2007 ilipunguza adhabu zao, lakini hoja ilisimama: mtangazaji anaweza kuwa na damu mikononi bila kushika panga. Tangu hapo RTLM imekuwa fimbo ya kila waziri anayetaka kunyamazisha chumba cha habari. Nimeisikia ikitajwa kwenye semina za waandishi mara nyingi mno. Nayo ni hoja ya kinyume kabisa. RTLM iliunganishwa na wenye dola, ikasoma majina ya watu ili wauawe. Dira lilikuwa likiuliza kuhusu watu waliokwisha kutoweka. Sheria inayoviweka viwili hivi kapu moja haijui, au haitaki kujua, tofauti ya anayeagiza mauaji na anayeyaandika.

Na ukimya una gharama ambayo wenye dola wenyewe huilipa. Usiku wa 14 Oktoba 2020 wapiganaji kutoka jimbo la Cabo Delgado, Msumbiji, walivuka Mto Ruvuma wakashambulia kijiji cha Kitaya, Mtwara. Picha za video za washambuliaji wenyewe zilizagaa kabla Mkuu wa Jeshi la Polisi, Simon Sirro, hajathibitisha siku kadhaa baadaye. Maana yake wananchi waliambiwa na muuaji kwanza. (Habari za Cabo Delgado huleta balaa lake Pemba: makao makuu ya jimbo lile nayo yanaitwa Pemba, na redio ya nje ikitangaza kwamba maelfu ya wakimbizi wamefika Pemba, simu za ndugu walioko Muscat hazitulii.)

Wiki mbili baada ya Kitaya ilikuwa zamu ya Pemba yetu. Mkesha wa uchaguzi wa 2020, ACT-Wazalendo, chama kilichorithi karibu umati wote wa CUF Visiwani, kilisema polisi wamewaua watu kwa risasi. Polisi walikana. Twitter na WhatsApp zikawa hazifunguki mpaka kwa VPN. Hapakuwa na Shimoni safari hii, wala tume. Pakabaki uvumi, na Waswahili tulishasema lisemwalo lipo. Tatizo la uvumi ni kwamba lililopo na lisilokuwepo hutoka na uzito mmoja, na mwongo akikamatwa kwa picha moja ya bandia, mkweli naye haaminiki.

Tarehe 29 Oktoba 2025 Bara nayo ikaonja. Intaneti ilizimwa nchi nzima siku ya kupiga kura, watu wa Dar es Salaam wakapigwa marufuku kutoka nje usiku, na intaneti ilipofunguliwa kila mtu alikuwa na namba yake ya waliokufa: CHADEMA na yake, mashirika ya kimataifa na yao, Serikali ikizikataa. Rais Samia Suluhu Hassan akaunda tume chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman. Mpemba aliyekuwa akifuatilia alizijua hatua zote hizo kabla hazijafika. Baadhi ya wahariri wa Dar es Salaam waliolalamika wiki ile, kwa haki, kwamba wamefungwa mikono, walikuwepo vyumba vya habari mwaka 2001, ambapo Pemba ilikuwa habari ya ukurasa wa ndani.

Kwamba magazeti yetu hayajui kuomboleza, si kweli. Desemba 2017 wanajeshi wetu walioshambuliwa Semuliki, mashariki mwa Kongo, wakilinda amani, wakiwemo wana wa Zanzibar, walirudi katika majeneza yaliyofunikwa bendera. Majina na vyeo vyao vilichapishwa, picha za wajane zilichapishwa. Ilistahili. Kilichokosekana ni maelezo ya ADF, waasi waliowashambulia, ni kina nani na wana wetu walipigania nini kule, lakini angalau kila aliyekufa alikuwa na jina.

Wafu wa Januari 2001 hawajapata ukurasa kama huo katika gazeti lolote la Kiswahili ninalolijua. Leo Pemba ina vyombo vyake. Redio Jamii Micheweni inatangaza kutoka wilaya ileile ambako raia na askari walianguka siku moja. Waliokuwa na miaka thelathini wakati ule wanakaribia sitini, na mashahidi wanaondoka mmoja mmoja. Wahariri wa Unguja na Dar es Salaam, wapelekeni waandishi Wete, Micheweni, Chake Chake na Mkoani, wakae, wapite nyumba kwa nyumba, waandike jina, umri, mahali na namna kila mtu alivyokufa, askari pamoja na raia, kisha mchapishe orodha yote. Kazi hiyo haihitaji tume.