Jezi Moja kwa Mizizi Mingi: Jamal Musiala na Sheria ya Uraia wa Kimichezo

Klabu kubwa ya soka inaweza leo kuingiza uwanjani wachezaji waliotoka katika mataifa kumi bila mtu yeyote kushangaa, kwa kuwa klabu hununua, huuza na hukopesha wachezaji kama mfanyabiashara anavyoshughulika na mali yake, lakini timu ya taifa haina soko la aina hiyo, na mchezaji huingia humo kwa haki tu. Haki hiyo ndiyo inayoitwa uraia wa kimichezo, yaani kibali ambacho Shirikisho la Soka Duniani, FIFA, humtambulia mchezaji cha kuliwakilisha taifa fulani katika mashindano rasmi, na inatofautiana na uraia wa kawaida kwa sababu mtu anaweza kumiliki pasi mbili au tatu za kusafiria huku FIFA ikimruhusu kuvaa jezi moja tu kwa wakati mmoja. Safari ya Jamal Musiala, kiungo mshambuliaji wa Bayern Munich na timu ya taifa ya Ujerumani, ni mfano ulio wazi wa namna sheria hiyo inavyokutana na maisha ya kijana mwenye mizizi mingi, na inaonyesha kwamba jibu moja ambalo sheria humdai mchezaji halifuti malezi aliyoyapata kwingine.

Musiala alizaliwa tarehe 26 Februari 2003 katika mji wa Stuttgart, kusini magharibi mwa Ujerumani, kwa mama Mjerumani mwenye asili ya Kipolandi na baba Mwingereza mwenye asili ya Nigeria, na miaka yake ya mwanzo aliishi Fulda, mji wa katikati ya nchi hiyo, ambako alianza kuucheza mpira katika klabu ndogo ya TSV Lehnerz. Uraia wake wa Ujerumani ulitoka upande wa mama, na jambo hili, ambalo leo linaonekana la kawaida, lina historia yake, kwa kuwa ni kuanzia tarehe 1 Januari 1975 tu ambapo sheria ya Ujerumani Magharibi ilimpa mama Mjerumani aliyeolewa na mgeni haki kamili ya kumrithisha mwanawe uraia sawasawa na baba. Kabla ya hapo uraia wa mtoto wa ndoa ulifuata kwa kawaida upande wa baba, hivyo mtoto mwenye wazazi kama wa Musiala angeweza kuzaliwa Stuttgart, akazungumza Kijerumani tangu siku ya kwanza, na bado akahesabiwa mgeni katika mji wake mwenyewe.

Mwaka 2010, akiwa na umri wa miaka saba, Musiala alihamia Uingereza pamoja na familia yake kutokana na masomo ya chuo kikuu ya mama yake katika mji wa Southampton, na mwaka uliofuata akajiunga na akademia ya Chelsea, akademia ikiwa ni shule ya soka inayoendeshwa na klabu ili kuwalea watoto kimchezo kuanzia utotoni hadi wanapofikia umri wa kusaini mkataba wa kulipwa. Alikaa hapo hadi mwaka 2019, na katika miaka hiyo minane alisoma shule za Uingereza, akakizungumza Kiingereza kama wenyeji, na akawa sehemu ya kizazi cha London na vitongoji vyake kilichowatoa Bukayo Saka, Jadon Sancho na Callum Hudson-Odoi, vijana ambao wengi wao wazazi au mababu zao walitoka Afrika au visiwa vya Karibi.

Malezi hayo yanaonekana katika uchezaji wake kwa mtu anayetazama kwa makini. Musiala hupenda kuupokea mpira katika eneo ambalo makocha huliita nafasi kati ya mistari, yaani ukanda mwembamba ulio nyuma ya viungo wa timu pinzani na mbele ya mabeki wake, ambako mchezaji huzingirwa kutoka pande zote na hupata sekunde moja au mbili tu za kuamua. Wengi wakiwa hapo huurudisha mpira nyuma kwa usalama, lakini yeye huugusa kwa miguso midogo ya haraka, huinamisha bega upande mmoja na kupita upande mwingine, na miguu yake mirefu humwezesha kuunasa tena mpira ambao beki alikwisha kuamini kuwa ni wake. Chenga za namna hii ndizo ambazo soka ya vijana ya London ilizikuza kwa kumwacha mtoto apambane na mpinzani mmoja kwa mmoja, ilhali nidhamu ya kujipanga, ya kubana wapinzani mara mpira unapopotea na ya kujua wakati wa kuuachia ndiyo iliyokomazwa baadaye Munich. Wahenga waliosema kuwa mwana umleavyo ndivyo akuavyo wangeweza kumtaja kijana huyu kuwa shahidi wao, kwa kuwa alilelewa na nchi mbili, na kila moja inaonekana katika miguu yake.

Mwaka 2019 Musiala aliondoka Chelsea akiwa na miaka kumi na sita na kurudi Ujerumani kujiunga na Bayern Munich, katika kipindi ambacho mchakato wa Uingereza kujitoa katika Umoja wa Ulaya ulikuwa ukizitia wasiwasi familia nyingi zenye uraia wa nchi mbili, na wakati ambapo Sancho alikwisha kuonyesha, kwa kuhamia Borussia Dortmund mwaka 2017, kwamba klabu za Ujerumani ziko tayari kuwapa vijana dakika ambazo klabu kubwa za Uingereza ziliwanyima. Alicheza kwanza katika kikosi cha pili cha Bayern, kisha tarehe 20 Juni 2020 kocha Hansi Flick akamwingiza dhidi ya Freiburg akiwa na umri wa miaka 17 na siku 115, jambo lililomfanya awe mchezaji mdogo kuliko wote waliokuwa wamewahi kuichezea Bayern katika Bundesliga, ambayo ni ligi kuu ya Ujerumani. Miezi mitatu baadaye alifunga bao lake la kwanza la ligi katika ushindi wa mabao 8 kwa 0 dhidi ya Schalke, na tarehe 23 Februari 2021 akafunga dhidi ya Lazio mjini Roma katika Ligi ya Mabingwa, siku tatu kabla ya kutimiza miaka kumi na minane.

Kufikia hapo swali la taifa lilikuwa halikwepeki, na ili kulielewa ni lazima kufafanua misingi miwili ambayo kanuni za FIFA zimesimama juu yake. Msingi wa kwanza ni nasaba, kwa maana kwamba mchezaji mwenye uraia wa nchi huweza kuichezea ikiwa alizaliwa humo, au mzazi wake au babu au bibi yake wa kumzaa alizaliwa humo, na hapa kanuni inakubaliana na methali isemayo kuwa damu ni nzito kuliko maji. Msingi wa pili ni makazi, ambapo kanuni zilizorekebishwa mwaka 2020 humtaka mchezaji asiye na nasaba hiyo athibitishe kuwa aliishi nchini kwa muda maalumu, yaani miaka mitatu kwa aliyehamia kabla ya kutimiza miaka kumi, na miaka mitano kwa aliyehamia baada ya umri huo. Kwa misingi hii Ujerumani ilikuwa na dai la kuzaliwa na la mama, Uingereza ilikuwa na dai la baba na la makazi, na Nigeria, ambayo katiba yake humtambua kuwa raia mtoto wa mzazi Mnigeria, nayo haikukosa dai lake.

Kanuni hizi hazikuwa hivi tangu mwanzo. Luis Monti aliichezea Argentina fainali ya Kombe la Dunia mwaka 1930, kisha akaichezea Italia fainali ya mwaka 1934, na Ferenc Puskás, nahodha wa Hungary katika fainali ya mwaka 1954, alivaa jezi ya Hispania katika Kombe la Dunia la mwaka 1962. Hali hiyo ilifanya mashindano ya mataifa yaanze kufanana na soko la klabu, na katika miaka ya 1960 FIFA ikaufunga mlango kwa kuamua kuwa aliyekwisha kulichezea taifa moja asilichezee jingine. Mlango ulifunguliwa kidogo mwaka 2004 kwa wachezaji wasiozidi miaka 21 waliokuwa wamecheza timu za vijana pekee, ukomo huo wa umri ukaondolewa mwaka 2009 katika mkutano wa Nassau, Bahamas, na mwaka 2020 ikakubaliwa kuwa hata aliyecheza mechi zisizozidi tatu za timu ya wakubwa kabla ya kutimiza miaka 21 anaweza kubadili baada ya miaka mitatu kupita, mradi hajawahi kucheza katika fainali za Kombe la Dunia wala za bara lake.

Musiala aliichezea Uingereza katika ngazi mbalimbali za vijana, ikiwamo timu ya chini ya miaka 21 mwishoni mwa mwaka 2020, na katikati ya safari hiyo, mwaka 2018, aliichezea pia Ujerumani ya chini ya miaka 16, hivyo kisheria alikuwa bado huru. Tarehe 24 Februari 2021 alitangaza kuwa amechagua Ujerumani, na alieleza kwa uwazi kwamba moyo wake una mapenzi kwa nchi zote mbili na utaendelea kuwa hivyo. Alicheza mechi yake ya kwanza ya timu ya wakubwa dhidi ya Iceland tarehe 25 Machi 2021, lakini kilichomfunga moja kwa moja ni mashindano ya Ulaya ya mwaka huo, alipoingia dhidi ya Hungary akiwa na miaka 18 na siku 117 na kuwa Mjerumani mdogo kuliko wote kucheza katika fainali kubwa. Siku sita baadaye, katika uwanja wa Wembley, aliingia dakika za mwisho dhidi ya Uingereza, nchi iliyomfundisha mpira, na timu yake ikafungwa mabao 2 kwa 0.

Taifa alilolichagua lilikuwa na historia yake yenye makovu. Erwin Kostedde, mtoto wa mama Mjerumani na askari Mmarekani mweusi, alikuwa mchezaji mweusi wa kwanza wa timu ya taifa ya Ujerumani Magharibi mwaka 1974. Mwaka 2010 mjini Johannesburg ndugu wawili wa baba mmoja waliozaliwa Berlin, Jérôme na Kevin-Prince Boateng, walikabiliana katika Kombe la Dunia, mmoja akiwa na Ujerumani na mwingine na Ghana. Na mwaka 2018 Mesut Özil, mjukuu wa wahamiaji kutoka Uturuki, alijiuzulu timu ya taifa akilalamika kwamba alihesabiwa Mjerumani timu iliposhinda na mhamiaji iliposhindwa. Lalamiko hilo linapaswa kukumbukwa na kila anayesherehekea uamuzi wa kijana kama Musiala, kwa sababu taifa linalompokea mchezaji siku ya bao lina wajibu wa kumpokea pia siku ya kukosa penalti.

Ujerumani imepata kutoka kwake zaidi ya ilivyotarajia. Tarehe 27 Mei 2023, siku ya mwisho ya ligi, alitokea benchi mjini Köln na kufunga katika dakika ya 89 bao lililoipa Bayern ubingwa kwa tofauti ya mabao dhidi ya Dortmund. Katika mashindano ya Ulaya ya mwaka 2024 alifunga mabao matatu na kuwa miongoni mwa wafungaji bora sita, na bao la pili kati ya hayo alilifunga dhidi ya Hungary mjini Stuttgart, mji aliozaliwa, katika mechi ambayo bao jingine lilifungwa na nahodha Ilkay Gündogan, ambaye familia yake ina asili ya Kituruki. Ni Stuttgart hiyohiyo ambako Hispania iliitoa Ujerumani tarehe 5 Julai 2024, na mwaka mmoja kamili baadaye, tarehe 5 Julai 2025, Musiala alivunjika mfupa mwembamba wa mguu wa chini na kuteguka kifundo mjini Atlanta katika Kombe la Dunia la Klabu, tukio linalokumbusha jinsi mwili wa kijana unaobebeshwa matumaini ya watu wengi ulivyo dhaifu.

Suala la kuchagua taifa linaigusa Afrika Mashariki moja kwa moja. Yussuf Poulsen, ambaye baba yake alikuwa Mtanzania, aliichezea Denmark iliyomlea, na Divock Origi, mwana wa Mike Okoth aliyewahi kuichezea Harambee Stars ya Kenya, aliifungia Ubelgiji katika Kombe la Dunia la mwaka 2014, huku Haji Mnoga, beki aliyezaliwa Portsmouth na kuichezea Uingereza ya vijana, akichukua njia tofauti kwa kuvaa jezi ya Taifa Stars ya Tanzania katika Kombe la Mataifa ya Afrika mwanzoni mwa mwaka 2024. Mashabiki wengi huwaona wawili wa kwanza kama waliopotea na wa tatu kama aliyerudi nyumbani, ilhali wote watatu walifanya kile ambacho kanuni inakiruhusu na malezi yao yanakieleza. Ni vyema pia kukumbuka kwamba sheria za nchi zenyewe huamua mengi, kwa kuwa Kenya iliruhusu uraia wa nchi mbili kupitia katiba ya mwaka 2010, wakati Tanzania hairuhusu mtu mzima kuwa nao, hivyo kijana wa Copenhagen au Portsmouth mwenye mzazi Mtanzania hukabiliwa na uamuzi mzito zaidi kuliko ule wa Musiala, ambaye hakulazimika kurudisha pasi yoyote ili avae jezi yoyote.

Kwa mashirikisho ya soka ya ukanda huu, funzo la safari ya Musiala limo katika mpangilio wa miaka yake. Ujerumani haikumsubiri afunge mjini Roma ndipo imkumbuke, kwa kuwa ilikuwa imemwita akiwa na miaka kumi na mitano, alipokuwa mtoto wa akademia ya Chelsea asiyejulikana na umma. Taifa linalompigia mchezaji simu baada ya jina lake kutangazwa kila mahali humjia likiwa na njaa ya kupata, na yeye hulitambua hilo, lakini taifa linalomwita mapema, likamjua kwa jina, likamsaidia kukamilisha nyaraka na kumheshimu hata anapokataa, linakuwa limemlea kwa kiasi fulani, na hivyo linapata sehemu katika yale ambayo miguu yake itaonyesha siku moja, jezi yoyote atakayokuwa ameivaa.