Leseni ya Mama Mboga Ina Nguvu Gani?

Sisi wanafunzi wa kutwa tunaotoka Mbotela hupita kila asubuhi kati ya vibanda tukielekea Barabara ya Jogoo. Kuna sukuma wiki, mayai ya kuchemsha, viazi karai, mitumba na fundi wa viatu. Mtaa wetu, kwa wasiojua, umepewa jina la Tom Mbotela, diwani aliyeuawa mwaka wa 1952. Babake ndiye James Mbotela aliyeandika *Uhuru wa Watumwa*. Hayo ni ya pembeni tu, lakini mwanachama wa Chama cha Kiswahili hafai kuyakosa.

Swali langu ni hili: mchuuzi aliyelipia leseni akiambiwa aondoke, je, ana haki gani?

Nimelifuatilia jambo hili kwa sababu karo yangu hutoka kwenye kibanda cha shangazi. Mwaka jana walikuja watu wakachora alama ya X kwa rangi nyekundu kwenye vibanda vyote vya upande wetu. Hawakusema wametumwa na nani, wala hawakuacha barua. Shangazi aliwaonyesha leseni yake, wakacheka. "Hiyo karatasi ni ya kufungia njugu, mama," mmoja akamwambia. Basi nikaazima Katiba kwa mwalimu wa historia nikaanza kusoma.

Kwanza tuseme ukweli. Leseni si hatimiliki. Inakuruhusu kufanya biashara, haikupi ardhi. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limewapa serikali za kaunti kazi ya masoko na leseni za biashara. Lakini kando ya barabara kubwa huenda ardhi ikawa chini ya mamlaka ya barabara, ambazo ziliundwa na sheria ya mwaka wa 2007. Ndiyo maana mtu anaweza kulipa ofisi moja halafu akafukuzwa na ofisi nyingine! Kwa hivyo swali la kwanza la mchuuzi liwe: "Nyinyi mmetumwa na nani, na barua iko wapi?"

Hata hivyo, kutokuwa na ardhi si kutokuwa na haki. Kifungu cha 47 cha Katiba kinasema kila mtu ana haki ya kutendewa na wenye mamlaka kwa njia halali na ya haki. Kama haki yake itaguswa, apewe sababu kwa maandishi. Sheria ya mwaka wa 2015 iliyotokana na kifungu hicho imeongeza kwamba apewe ilani ya kutosha mapema na nafasi ya kujieleza. Rangi nyekundu haina sababu na haisikilizi mtu, kwa hivyo kwa maoni yangu si ilani.

Iko pia Sheria ya Ardhi, iliyorekebishwa mwaka wa 2016. Inataka ilani ya miezi 3 kabla ya watu kufurushwa kutoka ardhi ya umma. Naona imeelekea zaidi upande wa makao kuliko vibanda, kwa hivyo mchuuzi asiitegemee peke yake. Aanze na Kifungu cha 47.

Kisa kinachofanana sana na chetu kilitokea Afrika Kusini. Mwaka wa 2013 jiji la Johannesburg liliwaondoa maelfu ya wachuuzi barabarani, wakiwemo wenye vibali. Wachuuzi wakaenda mahakamani. Mnamo Desemba 2013 Mahakama ya Katiba ikaamuru warudi mahali pao huku kesi ikiendelea. Hukumu za Afrika Kusini hazitufungi sisi, lakini majaji wetu huzisoma.

Serikali nayo ina hoja yake. Watu wapite wapi kama njia imejaa nyanya? Hapo sipingi. Lakini kumhamisha mtu si kumtupa. Soko la Muthurwa lilifunguliwa mwaka wa 2008 ili wachuuzi watoke katikati ya jiji, na wengi walirudi mjini kwa sababu wanunuzi hawakuwafuata. Wangeulizwa mapema wangesema hivyo.

Je, akikamatwa? Kifungu cha 49 kinataka aelezwe mara moja, kwa lugha anayoielewa, kwa nini amekamatwa, na afikishwe kortini kabla ya saa 24 kupita, au siku ya korti inayofuata ikiwa muda huo umeishia siku ambayo korti haikai. Bidhaa zake nazo ni mali yake, hata kama ni mafungu mawili ya dania. Kwa hivyo aombe orodha ya vilivyochukuliwa, apige picha kwa simu, na atunze risiti zote tangu ya kwanza. Shangazi alikuwa akizitumia kuwashia jiko!

Lililonishangaza zaidi liko katika Kifungu cha 22. Anayedai haki ya Katiba imevunjwa hatozwi ada ya kufungua kesi hiyo, na kanuni za mwaka wa 2013 zinaruhusu mahakama kupokea hata barua ya kawaida. Kwa kuwa Kifungu cha 7 kimekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza, barua hiyo yaweza kuandikwa kwa Kiswahili. Nimemwomba mlezi wa chama atuwekee Jumamosi moja muhula ujao, tuwasaidie wachuuzi wa mtaani kuandika barua za kuuliza ile rangi imetoka kwa nani. Anayetaka kujiunga aje na kalamu na karatasi za mistari.