Korti Imekuachilia, Bosi Amekufuta: Je, Inawezekana?



Tuseme kijana wenu ni karani wa stoo ya mahindi hapo Kitale. Magunia 20 yanapotea, anashikwa na kushtakiwa kwa wizi. Baadaye hakimu anaona ushahidi hautoshi, anamwachilia. Kijana anarudi kazini na kupewa barua: umefutwa. Wazee wanauliza, "Si korti imemwachilia? Bosi ni nani wa kuipinga?"

Jibu ni hili: bosi anaweza kumfuta, lakini si ovyo ovyo tu.

KESI NI MBILI, SI MOJA

Korti ya jinai inauliza kama wizi umethibitishwa pasipo shaka. Shaka ikibaki, mshtakiwa anaenda nyumbani. Mwajiri anauliza jambo lingine: je, huyu alifanya kazi yake inavyotakiwa? Karani anaweza kuwa si mwizi, na bado awe alimwachia mtu mwingine funguo, au hakuandika magunia yaliyotoka.

Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 43, inamtaka mwajiri athibitishe sababu ambayo kwa kweli aliiamini wakati wa kumfuta mtu. Si lazima alete ushahidi mzito kama ule wa korti ya jinai.

LAKINI LAZIMA USIKIZWE

Kifungu cha 41 kinasema kabla ya kukufuta kwa makosa, mwajiri akueleze kosa kwa lugha unayoelewa, mbele ya mfanyakazi mwenzako au mwakilishi wa chama uliyemchagua, kisha awasikize. Kusema tu "ulishtakiwa kortini" hakutoshi. Akiruka hatua hii, anaweza kuamriwa alipe fidia ya hadi mishahara ya miezi 12.

USINGOJE KESI IISHE

Hapa ndipo watu huumia. Mtu anafutwa, anasema, "Wacha kwanza nishinde kesi ya polisi, halafu nimshtaki mwajiri." Miaka inapita.

Sheria inakupa miaka 3 tu ya kwenda korti, na inahesabiwa tangu siku ya kufutwa, si siku ya kuachiliwa. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufaa iliamua kesi ya wafanyakazi wawili wa serikali waliofutwa mwaka 2010 na kushtaki mwaka 2014. Walisema walikuwa wakingoja kesi ya jinai. Mahakama ilisema wamechelewa, na madai yao yakaanguka.

Kwa hivyo fanya hivi:

1. Weka barua zote: ya kusimamishwa, ya kuitwa, ya kufutwa. Andika tarehe uliyopokea kila moja.

2. Ukiitwa kujieleza kazini, usinyamaze tu. Ukiogopa kuharibu kesi ya jinai, ongea na wakili kwanza, lakini jibu kwa maandishi.

3. Ukiona umeonewa, peleka malalamiko kwa afisa wa leba kabla ya miezi 3 kuisha tangu ufutwe.

4. Mkishindwa kuelewana, nenda Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ambayo hukaa hata Bungoma, kabla ya ile miaka 3 kwisha.

NANYI VIKUNDI NI WAAJIRI

Msifikiri sheria hii ni ya makampuni makubwa peke yake. Kikundi kikimwajiri soja wa usiku, au kijana wa mashine ya kusaga pale Chwele, kikundi ndicho bosi. Pesa zikipotea, msimfukuze mkutanoni kwa kelele. Mpeni barua ya kosa, mpeni nafasi alete mwenzake, msikizeni, na katibu aandike kila kitu. Korti ikimwachilia baadaye, mtakuwa na cha kuonyesha kwamba mlimtendea haki. Na kama hamna sababu ya kweli, mrudisheni kazini, kwa maana jina la mtu likichafuka kijijini ni kazi kulisafisha.

MASWALI YA KUJADILIANA

- Je, kikundi chetu kimeandika kazi na mipaka ya kila tunayemwajiri?
- Mtu wetu akishtakiwa leo, nani atamsikiza, na nani ataandika?
- Kuna mtu kijijini aliyefutwa na bado anangoja? Miaka 3 yake inaisha lini?