Kinachouzwa Ni Kutongoja

Leo nataka tuzungumze juu ya mgeni aliyeingia katika nyumba zetu nyingi bila kubisha hodi. Ni ile michezo mifupi ya kuigiza inayotazamwa katika simu.

Kwa wasioijua, mchezo mmoja hukatwa vipande sitini, themanini, hata mia, na kila kipande ni cha dakika moja au mbili. Picha husimama wima kama simu ilivyoshikwa, na uso wa mwigizaji hujaa kioo chote. Mtindo huu ulishamiri kwanza China. Mwaka 2022 kampuni moja ya California, yenye ushirika na wachapishaji wa China, ilitoa programu iitwayo ReelShort, na leo ziko nyingine nyingi.

Wengine hudhani watu wanavutwa na ufupi. Sidhani. Aprili 2020 huko Marekani palizinduliwa huduma iitwayo Quibi, yenye michezo ya dakika zisizozidi kumi, waigizaji mashuhuri, na mtaji wa dola bilioni 1.75. Kabla ya mwaka huo kwisha ilikuwa imefungwa.

Wanachokifuata watu ni hadithi, nayo karibu ni ile ile daima. Msichana maskini anadharauliwa na mama mkwe. Mfagiaji anamwagiwa maji mbele ya wageni, kumbe ndiye mwenye kampuni. Anapigwa kofi, watu wanacheka, mara mlango unafunguka, mtu anaingia kusema ukweli wote, na papo hapo kipande kinakatika!

Vipande vya kwanza hutolewa bure. Ukitaka kujua aliyeingia mlangoni ni nani, utazame matangazo, au ununue zile wanazoziita sarafu, kwa fedha halisi. Bei ya kipande kimoja ni ndogo, huisikii. Lakini ukijumlisha mchezo mzima, mara nyingi utakuta umelipa kuliko tikiti ya sinema. Na yule aliyesema, "Kimoja tu nilale," jogoo anamkuta macho. Charles Dickens naye, katika mwaka 1840 na 1841, aliuza hadithi yake kidogo kidogo kila juma, lakini msomaji wake hakuwa na njia ila kungoja. Siku hizi kinachouzwa ni kutongoja.

Iko pia michezo isiyo na haya kabisa, nami sitakaa sana hapo. Serikali zenyewe zimeshtuka. China iliondoa michezo mifupi zaidi ya 25,000 kati ya mwisho wa 2022 na mwanzo wa 2023, na India ikaamuru majukwaa 25 yafungwe Julai 2025 kwa sababu ya uchafu. Basi, lakini amri ya serikali haiondoi kiu ya mtu.

Na kiu yenyewe ni ipi? Mfikirie dada anayefanya kazi katika nyumba ya watu, ametukanwa tangu asubuhi na hana pa kujibu. Usiku anajifunika blanketi, anamtazama aliyedharauliwa akiinuliwa. Mimi siwezi kumcheka. Anataka haki, na hilo ni jema, wala hakulijifunza katika simu. Ninaloogopa ni haki anayouziwa. Katika michezo hiyo aliyeinuliwa huinuliwa ili aliyemtesa apige magoti hadharani, tena wote waliocheka wawepo waone.

Sisi tunayo hadithi ya namna hiyo hiyo. Yusufu aliuzwa na ndugu zake akiwa na miaka 17. Walipokuja Misri kununua chakula, yapata miaka 22 ilikuwa imepita, na mkubwa wa nchi waliyemwinamia hawakumtambua. Mtunzi yeyote wa michezo hii angeujaza ukumbi Wamisri, kisha amfunue Yusufu mbele yao, ndugu waaibike. Tazameni alivyofanya mwenyewe, katika Mwanzo sura ya 45. Kwanza aliwatoa watumishi wote nje, asibaki mgeni hata mmoja wa kuona haya ya ndugu zake. Ndipo akawaambia yeye ni nani, huku akilia hata walio nje wakamsikia. Na jambo la kwanza aliloliuliza lilikuwa habari za baba yake, kama mzee angali hai.