Kupigwa Mionzi si Kubeba Mionzi



Nchi yetu ilijiunga na Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki mwaka 1976. Tangu hapo neno atomiki limebeba mambo mawili: tumaini la tiba na mifugo bora, na hofu ya madhara yasiyoonekana kwa macho. Yote mawili yana msingi, ila kila moja lina mahali pake.

Tumaini lilionekana hapa Tanga. Katika kituo cha utafiti wa mbung'o, wadudu hao walifugwa kwa wingi. Madume wakapigwa mionzi ya gama hata wakawa tasa, kisha wakaachiwa kwa ndege juu ya Unguja kuanzia mwaka 1994. Jike aliyepandwa na dume tasa hakuzaa. Mbung'o wa mwisho wa porini alinaswa mwaka 1996, na ugonjwa wa nagana, uliodhoofisha ng'ombe na kupunguza maziwa, ukatoweka kisiwani. Mbung'o wale hawakueneza mionzi, kwani mionzi ya gama haibaki ndani ya kilichopigwa, kama nuru isivyobaki taa inapozimwa. Vivyo hivyo, aliyepigwa eksirei hurudi nyumbani bila kuwadhuru watoto wake.

Hofu ilithibitika Aprili 1986, kinu cha Chernobyl, nchini Ukraini, kilipolipuka. Vumbi la mionzi lilianguka malishoni, likaliwa na ng'ombe, likaingia katika maziwa. Chakula cha namna hiyo hubeba chembe zenyewe za mionzi. Kuchemsha hakuziondoi, wala pua na ulimi havizitambui. Hutambuliwa kwa vipimo tu. Ndiyo maana Tume ya Nguvu za Atomiki Tanzania, iliyoundwa kwa Sheria Na. 7 ya mwaka 2003, hupima vyakula vinavyoingia nchini.

Kwa hiyo tunakushauri:

1. Nunua maziwa ya unga na vyakula vya nje kwa muuzaji anayetoa risiti. Bidhaa iliyopitia njia za panya imekwepa vipimo.

2. Usikatae eksirei kwa hofu. Uliza sababu yake, na ukiwa mjamzito, sema kabla ya kupigwa.

3. Ukiona katika vyuma chakavu alama ya mapanga matatu juu ya rangi ya njano, usiguse, usikate wala usiyeyushe. Ondoka, zuia wengine wasisogee, na utoe taarifa polisi mara moja.