Ziara ya miji ya ShUM

Ziara ya miji ya ShUM ni safari ya kuongozwa, kwa kawaida ya siku moja, inayopita katika miji ya Speyer, Worms na Mainz kando ya mto Rhine, magharibi mwa Ujerumani. Lengo lake ni kuona mabaki ya jumuiya za Kiyahudi zilizostawi huko katika Zama za Kati. Miji yote mitatu iko katika jimbo la Rheinland-Pfalz.

Kila mji umehifadhi sehemu tofauti ya maisha ya jumuiya hizo. Speyer ina kuta za sinagogi na birika la kujitakasa, Worms ina sinagogi iliyojengwa upya pamoja na makaburi ya kale, na Mainz ina mawe ya makaburi yaliyokusanywa baada ya kutawanywa. Anayeona mji mmoja tu hupata kipande cha historia hiyo; ndiyo sababu watu wengi huunganisha miji yote mitatu katika safari moja.

## Jina

Neno ShUM limetokana na herufi za kwanza za majina ya Kiebrania ya miji hiyo: *Shin* ya Shpira (Speyer), *Waw* ya Warmaisa (Worms) na *Mem* ya Magenza (Mainz). Katika Kiebrania herufi *Waw* inaweza kusomwa kama "u", na hivyo zikiunganishwa hutamkwa "Shum". Wayahudi wenyewe walitumia jina hilo katika Zama za Kati, kwa sababu jumuiya hizo tatu zilijiona kuwa kitu kimoja.

## Historia kwa ufupi

Mainz ndiyo iliyotangulia kuwa kitovu cha elimu. Familia ya Kalonymos ilihamia huko kutoka Lucca, nchini Italia, na mwanzoni mwa karne ya 11 rabi Gershom ben Yehuda alifundisha mjini humo. Mapokeo ya Kiyahudi humtaja kuwa ndiye aliyepiga marufuku mitala, kumpa mke talaka bila ridhaa yake, na kusoma barua ya mtu mwingine bila ruhusa. Maamuzi hayo yalikubaliwa na Wayahudi wa Ulaya ya kati na mashariki, wanaoitwa Ashkenazi.

Mwaka 1074 Kaisari wa baadaye Heinrich IV aliwapa Wayahudi na wakazi wengine wa Worms msamaha wa ushuru katika vituo kadhaa vya forodha. Mwaka 1084 askofu Rüdiger Huzmann wa Speyer aliwakaribisha Wayahudi katika mji wake kwa hati rasmi. Aliwapa eneo lenye ukuta, ardhi ya makaburi, haki ya kufanya biashara na haki ya kuamua mashauri yao wenyewe. Askofu huyo aliona kwamba kuwapo kwao kungeupa mji wake heshima zaidi.

Ulinzi huo haukudumu. Mwezi Mei 1096, wakati wa Vita vya Msalaba vya kwanza, makundi yenye silaha yalishambulia miji yote mitatu. Huko Speyer askofu Johann aliwalinda Wayahudi, na wengi wao waliokoka. Huko Worms na Mainz waliuawa mamia ya watu. Wengine walijiua au waliwaua watoto wao kuliko kubatizwa kwa nguvu. Baadaye jumuiya zilijengwa upya, na mnamo mwaka 1220 zilitoa kanuni za pamoja zinazojulikana kama *Takkanot ShUM*. Mwaka 1349, wakati wa tauni, Wayahudi walisingiziwa kwamba walitia sumu visimani, wakauawa tena.

## Speyer

Ziara ikianzia kusini, kituo cha kwanza ni Judenhof, yaani ua wa Wayahudi, ulio karibu na kanisa kuu la Speyer. Sinagogi ya mahali hapo ilizinduliwa mwaka 1104. Katika karne ya 13 iliongezewa chumba cha sala cha wanawake. Leo hakuna paa. Kinachoonekana ni sehemu za kuta. Baada ya jumuiya ya Kiyahudi kutoweka, jengo hilo lilitumika kama ghala la silaha la mji, kisha likaungua mwaka 1689 jeshi la Ufaransa lilipouteketeza mji.

Kilichobaki karibu kizima ni *mikve*, birika la kujitakasa lililojengwa mapema katika karne ya 12. Sheria ya Kiyahudi inataka mikve iwe na maji ya asili, kama vile ya mvua, chemchemi au ya chini ya ardhi. Maji yaliyotekwa kwa ndoo hayafai. Kwa hiyo mafundi walichimba takriban mita 10 hadi kuyafikia maji ya ardhini. Mgeni hushuka ngazi za mawe, hupita kwenye chumba cha mbele chenye kibweta cha kuvulia nguo, kisha hufika kwenye maji yaliyo chini ya kuba. Nakshi za mawe hufanana na zile za kanisa kuu lililokuwa likijengwa wakati huohuo, na wataalamu hudhani kwamba mafundi walikuwa walewale. Birika lilinusurika kwa sababu lilikuwa chini ya ardhi.

Karibu na ua huo kuna makumbusho madogo ya SchPIRA yanayoonyesha vitu vilivyochimbuliwa.

## Worms

### Sinagogi

Sinagogi ya kwanza ya Worms ilijengwa mwaka 1034. Maandishi kwenye jiwe yanawataja waliotoa fedha, Yakobo bin Daudi na mkewe Raheli, na jiwe hilo bado lipo. Jengo jipya lilichukua nafasi yake mwaka 1174/75, mikve ikafuata mwaka 1185/86 na sinagogi ya wanawake mwaka 1212/13.

Wanawake wa Worms wameacha kumbukumbu isiyo ya kawaida kwa zama hizo. Jiwe la kaburi la Urania, aliyefariki mwaka 1275, linaeleza kwamba binti huyo wa kiongozi wa sala aliwaimbia na kuwaongoza wanawake wenzake katika ibada. Dolce, mke wa rabi Eleazar wa Worms, aliikimu familia na wanafunzi wa mumewe kwa biashara yake hadi alipouawa mwaka 1196 pamoja na binti zao.

Mwanafunzi maarufu zaidi wa mji huo ni Rashi (1040 hivi – 1105), mzaliwa wa Troyes nchini Ufaransa. Alisoma Mainz na Worms, kisha akaandika ufafanuzi wa Biblia na Talmudi unaosomwa na Wayahudi hadi leo. Chumba kinachoitwa "chuo cha Rashi" kando ya sinagogi kilijengwa mwaka 1624, zaidi ya miaka 500 baada ya kifo chake; kwa hiyo kinamkumbuka tu, hakikuwa darasa lake.

Sinagogi ilichomwa moto na Wanazi mwezi Novemba 1938, na mwaka 1942 kuta zilizobaki zilibomolewa. Wayahudi wa mwisho wa Worms walipelekwa makambini mwaka huohuo. Mawe mengi yalihifadhiwa, na kati ya miaka 1957 na 1961 jengo lilisimamishwa tena kwa kutumia mawe hayo. Kitabu cha sala kinachojulikana kama Machzor ya Worms, cha mwaka 1272, kiliokolewa na mtunza nyaraka wa mji, Friedrich Illert. Ndani yake kuna sentensi ya kale kuliko zote zenye tarehe katika lugha ya Kiyidi. Tangu mwaka 1957 kinatunzwa Jerusalem.

### Makaburi ya Heiliger Sand

Makaburi haya, ambayo jina lake linamaanisha "mchanga mtakatifu", yako nje ya ukuta wa kale wa mji. Yana mawe takriban 2,500. La kale zaidi lililosimama mahali pake ni la mwaka 1058/59. Tofauti na sinagogi, makaburi hayakubomolewa na Wanazi.

Mawe mawili yaliyo bega kwa bega huvuta wageni wengi. La kwanza ni la rabi Meir wa Rothenburg, aliyekamatwa mwaka 1286 na kufungwa na mfalme Rudolf wa Kwanza. Inasimuliwa kwamba alikataa kukombolewa kwa fedha nyingi, ili watawala wasizoee kuwateka marabi. Alifariki gerezani mwaka 1293, na maiti yake ilizuiliwa kwa miaka 14. Hatimaye mfanyabiashara Alexander ben Salomo alilipa fidia, na rabi akazikwa Worms mwaka 1307. Malipo pekee aliyotaka mfanyabiashara huyo ni kuzikwa kando yake, na jiwe la pili ni lake.

### Kusoma miaka kwenye mawe

Miaka mingi ya majengo na makaburi haya huandikwa kwa jozi, kama vile 1174/75. Sababu yake ni kalenda ya Kiyahudi, ambayo huhesabu miaka tangu kuumbwa kwa dunia na huanza mwaka mpya kati ya Septemba na Oktoba. Ili kupata mwaka wa kawaida, toa 3760. Kwa mfano, 4935 ukitoa 3760 unapata 1175. Lakini kwa kuwa mwaka 4935 ulianza katika vuli ya 1174, pasipotajwa mwezi huandikwa 1174/75.

## Mainz

Mainz ilikuwa mama wa jumuiya nyingine, lakini ndiko mabaki ni machache zaidi. Wayahudi walipofukuzwa mwaka 1438, makaburi yao yaliporwa na mawe yakatumiwa katika ujenzi mjini. Karne nyingi baadaye mawe hayo yalianza kujitokeza majengo ya kale yalipobomolewa. Kwa juhudi za rabi Sali Levi, mwaka 1926 yalisimamishwa tena kwenye sehemu ya makaburi ya zamani, Judensand. Kwa hiyo mawe hayo hayaonyeshi mahali ambapo kila mtu alizikwa. Mojawapo, la mwaka 1049, huhesabiwa kuwa jiwe la kale zaidi lenye tarehe katika makaburi ya Kiyahudi ya Ulaya ya kati. Pia kuna jiwe la kumkumbuka Gershom ben Yehuda.

Sinagogi mpya ya Mainz, kazi ya msanifu Manuel Herz, ilifunguliwa mwaka 2010 mahali palipokuwa na sinagogi iliyoharibiwa mwaka 1938. Umbo lake limetokana na herufi za neno la Kiebrania *kedusha*, yaani utakatifu.

## Urithi wa Dunia

Tarehe 27 Julai 2021 UNESCO iliingiza mahali pa ShUM katika orodha ya Urithi wa Dunia. Orodha inataja sehemu nne: ua wa Speyer, eneo la sinagogi la Worms, Heiliger Sand na makaburi ya kale ya Mainz. Ni urithi wa kwanza wa Kiyahudi nchini Ujerumani kupata hadhi hiyo.

## Mpango wa safari na adabu za mahali

Umbali kati ya mji mmoja na unaofuata hauzidi kilomita 50 hivi, na yote ina vituo vya reli. Kwa treni, njia ya Speyer kwenda Worms hupitia Ludwigshafen. Mpango unaofaa ni Speyer asubuhi, Worms kuanzia saa sita mchana na Mainz jioni. Muda mrefu zaidi utengewe Worms.

Kiongozi ana umuhimu wa pekee hapa, kwa sababu macho peke yake hayawezi kutofautisha jiwe la mwaka 1175 na ukuta wa mwaka 1961 uliojengwa kwa mawe yaleyale.

Mambo ya kuzingatia ni haya:

* Makaburi hayatembelewi siku ya Sabato, yaani Jumamosi, wala katika sikukuu za Kiyahudi.
* Wanaume hufunika kichwa makaburini na ndani ya sinagogi.
* Wageni hawakai wala kuegemea mawe ya makaburi. Kwa desturi ya Kiyahudi kaburi ni la kudumu na halihamishwi.
* Anayetaka kutoa heshima huweka kijiwe juu ya kaburi, si maua.
* Sinagogi za Worms na Mainz bado hutumika kwa ibada, kwa hiyo ni vizuri kuuliza kabla ya kupiga picha.