Sinema Nje ya Kumbi (3): Lori la Vugiri

Juma hili nimesoma habari za vijana wanaoonyesha filamu zao fupi za majaribio kwenye kuta za masoko na stendi za mabasi, na wapo walioliita jambo hilo geni. Si geni. Msomaji aliyefuatana nami tangu sehemu ya kwanza ataniruhusu nirudi Vugiri, karibu na Korogwe, kwenye milima ya Usambara.

Huko, kati ya 1935 na 1937, Waingereza wawili, Notcutt na Latham, waliendesha mradi ulioitwa Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu, kwa fedha za shirika la Carnegie kutoka Marekani. Walitengeneza filamu fupi zipatazo 35, na hakuna hata moja iliyokusudiwa ukumbi. Zilipakiwa kwenye lori, zikazungushwa Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Giza likiingia, watu wakatazama uwanjani. Picha zilipigwa bila sauti, maneno yakatiwa kwenye santuri: Kiswahili, Kisukuma, Kikikuyu, Kijaluo, Kiganda, Kibemba. Hapo nawapa haki yao. Walijua kwamba mtu huelewa kwa lugha anayootea ndoto.

Lakini itazame filamu yao ya Benki ya Akiba ya Posta. Vibarua wawili wanapokea mshahara. Mmoja anazifukia fedha zake ardhini na mwizi anazichukua, mwenzake anaziweka posta, zinasalimika. Somo si baya. Ubaya ni kwamba Mwafrika aliigiza na Mwafrika akatazama, ila la kusema liliamuliwa na mwingine. Ndiyo maana fedha za wafadhili zilipokoma, mradi nao ukafa: haukuwa na mwenyewe kijijini. Katika filamu zile zote, zinazojulikana kusalia ni 3, nazo zimehifadhiwa Uingereza.

Miaka mingi baadaye, wasimulizi wa vibanda umiza, yaani vibanda vya video vya mitaani, kina Lufufu, walifanya kinyume chake: walichukua filamu za ugenini wakazisemea kwa Kiswahili chao wenyewe, wala hawakungoja kutumwa.

Vijana wa leo wameshika kamera na ukuta pia. Nawasihi mambo mawili. Semeni na mpita njia kwa lugha yake, juu ya shida yake. Kisha andikeni jina la filamu, tarehe na mahali ilipoonyeshwa, mweke nakala mahali salama hapa hapa nchini. Mali bila daftari hupotea bila habari.